Msako Unaoanzia Masjala: Mwanahistoria na Watuhumiwa wa Kimbari Waliojificha Ugenini

Tarehe 24 Mei 2023, katika shamba la mizabibu la Paarl, Afrika Kusini, polisi wa nchi hiyo wakiwa na wapelelezi wa Umoja wa Mataifa walimkamata mzee mmoja aliyejulikana pale kwa jina lisilo lake. Kwanza alikana. Kabla usiku haujaisha alikiri kuwa ndiye Fulgence Kayishema, akawaambia maofisa kwamba alikuwa akisubiri kukamatwa kwa muda mrefu.

Mwaka 1994, wakati wa mauaji ya kimbari ya Watutsi, Kayishema alikuwa inspekta wa polisi wa upelelezi katika komuni (ngazi ya utawala iliyo chini ya mkoa) ya Kivumu, magharibi mwa Rwanda. Hati ya mashtaka iliyotolewa dhidi yake mwaka 2001 inamtuhumu kushiriki katika mauaji ya Watutsi zaidi ya 2,000 waliokimbilia kanisa Katoliki la Nyange. Kanisa lile liliangushwa kwa tingatinga, watu wakiwa ndani. Baada ya hapo mtuhumiwa alivuka kuingia Zaire, akapita kambi za wakimbizi Tanzania, akaenda Msumbiji, akaingia Eswatini, na hatimaye Afrika Kusini, ambako aliomba hifadhi akijifanya Mrundi. Padri wa parokia hiyohiyo ya Nyange, Athanase Seromba, yeye alikwenda Italia. Aliendelea kusomesha misa karibu na Florence kwa jina la bandia, hadi alipojisalimisha mwaka 2002 kwa mahakama ya Umoja wa Mataifa ya Arusha, iliyoundwa kushughulikia mauaji ya Rwanda. Alihukumiwa miaka 15, na kwenye rufaa mwaka 2008 adhabu ikawa kifungo cha maisha.

Tukisikia habari kama hizi, swali la kwanza huwa la kipolisi: walijifichaje miaka yote hiyo? Ni swali halali, na nitalijibu. Lakini lipo la pili, gumu kuliko hilo. Mtu akishapatikana, miaka 10 au 29 baadaye, katika nchi ambayo hakimu wake hajawahi kuiona Rwanda hata kwenye ramani ya ukutani, nani atamweleza hakimu huyo kilichotendeka Kivumu, kwa amri ya nani, na mshtakiwa alikuwa na mamlaka gani siku ile? Hiyo ni kazi ya mwanahistoria.

Mwanafunzi wa Musinga

Mwanahistoria ninayemkusudia ni Alison Des Forges, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1942. Alianza kuwajua Wanyarwanda hapa kwetu Tanzania, mwaka 1963, alipokuja kama mwanafunzi wa kujitolea kati ya wakimbizi wa Kitutsi waliofukuzwa kwao. Kisha akaandika tasnifu yake ya udaktari katika Chuo Kikuu cha Yale, mwaka 1972, juu ya utawala wa Mwami (mfalme) Musinga wa Rwanda. Kwa hiyo alipoanza kuchunguza mauaji ya 1994 alikuwa tayari na miaka 30 ya kuijua nchi ile: lugha yake, ngazi zake za utawala, na namna amri inavyoshuka kutoka juu hadi kilimani kwa mwananchi.

Nalitilia mkazo jambo hilo kwa sababu wengi walioandika juu ya Rwanda mwaka ule waliona mapanga na damu, wakahitimisha kwamba ni chuki ya kale ya makabila iliyolipuka. Anayeamini hivyo hana haja ya kumtafuta mtu yeyote Paarl wala Florence. Kama umati wote uliingiwa na wazimu, hakuna wa kushtakiwa. Des Forges alikataa maelezo hayo tangu mwanzo. Wakati mauaji yakiendelea alipiga simu Kigali, akabisha hodi Washington na Umoja wa Mataifa akieleza kwamba hii ni kampeni inayoendeshwa na dola. Mauaji yalipokwisha, akaenda kutafuta ushahidi wa hilo mahali ambapo watu wachache wangefikiri kutafuta: kwenye masjala za serikali.

Dola lililoandika barua

Mwaka 1994 Rwanda ilikuwa na utawala uliopangika vizuri kuliko nchi nyingi za eneo letu. Juu kulikuwa na mikoa, chini yake komuni, chini yake sekta na vitongoji, na kila ngazi ilikuwa na kiongozi, muhuri na daftari. Serikali iliyoandaa mauaji haikuuweka kando utaratibu huo. Iliutumia. Na utawala unaotumika huacha karatasi nyuma yake.

Des Forges na wenzake walichimba zaidi katika mkoa wa Butare, kusini, na hasa komuni moja iitwayo Nyakizu iliyo mpakani na Burundi. Walikuta barua za wakuu wa komuni, kumbukumbu za mikutano ya usalama, orodha za watu wa doria na vizuizi vya barabarani, na maandishi kuhusu mali na mashamba ya waliouawa, nani ayachukue na mazao yavunwe vipi. Si rahisi kusoma mambo hayo bila moyo kusinyaa. Ofisi zilikuwa zikijadili mavuno ya watu ambao ofisi hizohizo zilikuwa zimewaua wiki mbili kabla.

Karatasi hizo hazikutaja kuua waziwazi. Zilizungumzia kazi, usalama, kujihami kwa raia, kurudisha utulivu. Hapo inahitajika akili ya mwanahistoria, kwa sababu barua moja peke yake haina hatia. Unaichukua tarehe yake, unaiweka pembeni ya ushuhuda wa mama aliyenusurika akajificha kwenye mtama, pembeni ya hotuba iliyotangazwa redioni, pembeni ya taarifa ya mkuu wa komuni ya jirani, na ndipo picha inajitokeza. Butare ndiyo mfano ulio wazi kupita yote. Mkuu wa mkoa, aliyekuwa Mtutsi, aliyazuia mauaji kwa takriban wiki mbili. Aliondolewa kazini, baadaye akauawa. Tarehe 19 Aprili rais wa serikali ya mpito, Théodore Sindikubwabo, akaja Butare akawahutubia viongozi, akiwalaumu wanaokaa pembeni kama vile kazi haiwahusu. Mauaji makubwa yakafuata mara moja. Aliye na tarehe hizo mkononi hawezi kuambiwa tena kwamba wananchi waliamka tu siku moja na kuanza kuchinjana.

Walichunguza pia karatasi za biashara. Leseni za kuingiza bidhaa, kati ya Januari 1993 na Machi 1994, zilionyesha kilo 581,000 za mapanga, na miongoni mwa waagizaji lilikuwamo jina la tajiri Félicien Kabuga. Panga ni zana ya mkulima, na leseni hiyo peke yake haimtii mtu hatiani. Lakini humpa mwendesha mashtaka swali la kuuliza.

Matokeo ya kazi hiyo yalitoka mwaka 1999, ripoti ya karibu kurasa 800. Des Forges alitoa ushahidi wa kitaalamu katika kesi 11 za Arusha, mbali na kesi za nchi nyingine. Miongoni mwa hizo 11 ni ya Jean-Paul Akayesu, aliyekuwa mkuu wa komuni ya Taba na aliyekamatwa Zambia mwaka 1995. Tarehe 2 Septemba 1998 Akayesu akawa mtu wa kwanza kutiwa hatiani kwa kosa la kimbari na mahakama ya kimataifa.

Walivyopita mlangoni

Sasa swali la polisi. Jibu lake linaanzia kwenye daraja la Rusumo. Mwishoni mwa Aprili 1994 watu wapatao 250,000 walivuka daraja hilo kuingia Ngara kwa muda wa saa 24 hivi, na kambi ya Benaco ikazuka porini. Mwezi Julai watu wanaokadiriwa kufikia 1,000,000 waliingia Goma kwa siku chache.

Mkataba wa wakimbizi wa 1951 unasema, katika kifungu cha 1F, kwamba anayedhaniwa kwa sababu nzito kuwa ametenda uhalifu wa kivita au dhidi ya ubinadamu hastahili hadhi ya mkimbizi. Maana yake, mtu achunguzwe mmoja mmoja. Lakini umati unapovuka daraja usiku na mchana, wenye njaa na watoto mgongoni, nchi inayopokea huwakubali wote kwa pamoja, na mkataba wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika wa 1969 uliandikwa kwa kufikiria hali kama hizo. Tanzania ilifanya utu. Sioni aibu yoyote katika hilo. Ila ndani ya umati ule walikuwamo waliopanga, na mbaya zaidi, mashirika ya misaada yaligawa chakula kwa kufuata komuni za Rwanda, kwa hiyo wakuu wa komuni walewale wakaendelea kuwa wakuu. Jean-Baptiste Gatete, aliyewahi kuwa mkuu wa komuni ya Murambi, alitambuliwa Benaco. Wafanyakazi wa misaada walipodai aondolewe, kambi ikafanya ghasia. Gatete alikuja kukamatwa mwaka 2002, Kongo-Brazzaville, na mwishowe akapewa miaka 40. Sylvestre Gacumbitsi, mkuu wa komuni ya Rusumo, aliishi Tanzania mpaka Juni 2001, alipokamatwa katika kambi ya wakimbizi mkoani Kigoma.

Msomaji asichukue habari hii akawatazama wakimbizi wote wa 1994 kwa jicho la shuku. Wengi mno kati yao hawakuua mtu. Walikuwa watoto, wazee, na wakulima walioburutwa na viongozi wao kama ngao. Kumchambua mmoja kutoka katika halaiki ile ndiyo sababu ya kuwa na mwanahistoria mwenye orodha na tarehe, badala ya mnong'ono wa kambini.

Wenye fedha na vyeo hawakukaa kambini. Walikwenda Nairobi, Yaoundé, Brussels, Paris. Mwaka 1995 Rais Moi alitamka hadharani kwamba Kenya haitawakabidhi watu kwa mahakama ya Arusha. Miaka miwili baadaye upepo ulibadilika, na tarehe 18 Julai 1997 watu saba walikamatwa Nairobi kwa mkupuo mmoja, akiwamo Jean Kambanda, waziri mkuu wa serikali ya mauaji, na Pauline Nyiramasuhuko, aliyekuwa waziri wa familia na maendeleo ya wanawake. Kambanda alikiri kosa mwaka 1998 akafungwa maisha. Kabuga aliponyoka. Alikamatwa Mei 2020 katika kitongoji cha Asnières-sur-Seine jirani na Paris, miaka 26 baada ya mauaji, akiwa mzee wa zaidi ya miaka 80. Mwaka 2023 majaji waliona akili yake haiwezi tena kufuatilia kesi, na mashauri yakasimamishwa bila hukumu. Naye Protais Mpiranya, mkuu wa walinzi wa rais, alitafutwa kwa miaka mingi hadi mwaka 2022 ilipothibitishwa kwamba alifia Harare mwaka 2006 na kuzikwa chini ya jina la Ndume Sambao.

Kupatikana si kushtakiwa

Hapa ndipo wengi hupotea njia. Kujulikana mtu anaishi wapi hakumfikishi kizimbani. Mahakama ya Arusha, iliyoundwa na Baraza la Usalama Novemba 1994, ilishtaki watu 93 tu, wale wakubwa. Waliobaki waliangukia mikononi mwa sheria za nchi walizokimbilia, na kila nchi ina yake.

Ubelgiji ilikuwa na sheria ya kushtaki uhalifu wa kivita popote ulipotendeka. Mwaka 2001 Wanyarwanda wanne kutoka Butare, wakiwamo watawa wawili wa kike, walitiwa hatiani na baraza la wazee wa mahakama la raia wa kawaida wa Brussels. Des Forges alikuwa kati ya waliowaeleza watu hao Butare ni wapi. Ufaransa ilichelewa sana. Kesi yake ya kwanza ilikuwa mwaka 2014, ya Pascal Simbikangwa, aliyenaswa kisiwani Mayotte mwaka 2008 katika uchunguzi wa vyeti bandia. Uingereza ilikataa kuwapeleka Rwanda watu watano, majaji wakihofia kwamba hawatatendewa haki. Finland nayo ilikataa kumtoa mchungaji François Bazaramba, lakini ikamshtaki yenyewe. Mahakama nzima ikasafiri hadi Rwanda na Tanzania kusikiliza mashahidi, na mwaka 2010 akahukumiwa kifungo cha maisha kwa mauaji ya Nyakizu, komuni ileile ambayo kikundi cha Des Forges kilikuwa kimeichambua karatasi kwa karatasi.

Marekani hutumia mlango mwingine kabisa. Haimshtaki mtu kwa kuua, inamshtaki kwa kudanganya kwenye fomu ya uraia. Béatrice Munyenyezi, mkwe wa Nyiramasuhuko, alifungwa miaka 10 mwaka 2013 kwa uongo huo, kisha akarudishwa Rwanda mwaka 2021. Kuna wanaoona hilo ni dhihaka kwa waliokufa. Naelewa uchungu wao. Lakini tuangalie linavyofanya kazi: ili kuthibitisha kwamba mtu alidanganya aliposema hakushiriki, upande wa mashtaka lazima uthibitishe kwamba alishiriki. Historia yote inaletwa mahakamani hata kama kosa lililoandikwa juu ya jalada ni dogo.

Kesi ya Léon Mugesera inaonyesha fundo lote. Tarehe 22 Novemba 1992, huko Kabaya, mhadhiri huyu wa chuo kikuu na kiongozi wa chama tawala alitoa hotuba iliyowataja Watutsi kama watu wa kurudishwa Ethiopia kupitia mto Nyabarongo. Serikali ikatoa amri ya kumkamata, akatoroka, na mwaka 1993 akapokelewa Kanada. Shauri la kumwondoa lilianza 1995. Des Forges alitoa ushahidi. Mwaka 2003 Mahakama ya Rufaa ya Shirikisho ilimkosoa vikali, ikasema ripoti ya tume ya kimataifa ya 1993 iliyochunguza ukiukaji wa haki za binadamu Rwanda, tume ambayo alishiriki kuiongoza, haiwezi kutegemewa, na ikaona tuhuma dhidi ya Mugesera hazina msingi. Juni 2005 Mahakama ya Juu ikaipindua hukumu hiyo. Mugesera alipakiwa ndegeni Januari 2012, zaidi ya miaka 18 baada ya kuingia, na mwaka 2016 mahakama ya Rwanda ikamhukumu kifungo cha maisha. Kwa hotuba ambayo ilikuwa imerekodiwa kwenye kanda na kila mtu angeweza kuisikiliza! Fikiria basi kesi ambayo haina kanda.

Mwanahistoria na jaji hawapimi kwa mizani moja

Kesi iliyonifikirisha kupita zote ni ya Kanali Théoneste Bagosora, aliyekamatwa Kameruni mwaka 1996. Upande wa mashtaka ulimwona kuwa kichwa cha mpango mzima, na Des Forges ndiye aliyekuwa shahidi wao mtaalamu. Alieleza orodha za majina, silaha zilizogawiwa, mafunzo ya vijana wa Interahamwe, wanamgambo wa chama tawala, redio ya chuki. Vyote kabla ya Aprili 1994.

Tarehe 18 Desemba 2008 majaji walimtia Bagosora hatiani kwa kimbari na kumpa kifungo cha maisha, ambacho rufaa ilikishusha hadi miaka 35. Lakini shtaka la kula njama ya kimbari kabla ya tarehe 6 Aprili, siku ndege ya rais ilipodunguliwa na mauaji yakaanza, walilitupa. Hawakusema maandalizi yale hayakuwapo. Walisema yanaweza kueleweka pia kama maandalizi ya vita au ya kung'ang'ania madaraka, na katika jinai, ushahidi wa mazingira unatosha pale tu ambapo hakuna maelezo mengine yanayoingia akilini.

Baadhi ya watu waliirukia hukumu hiyo wakatangaza kwamba mahakama imethibitisha hakukuwa na mpango. Huo ni upotoshaji. Mwanahistoria anauliza: kwa ushahidi wote tulionao, maelezo yapi yana nguvu zaidi? Jaji anauliza: je, yamebaki maelezo mengine yoyote ya maana yanayoweza kumwokoa huyu? Wote wawili wanaweza kusoma karatasi zilezile, wakatoa majibu tofauti, na kila mmoja akawa amefanya kazi yake sawasawa. Mtuhumiwa anayeishi ugenini huijua nafasi iliyopo kati ya maswali hayo mawili, na mawakili wake huiishi.

Nafasi hiyo pia humlinda asiye na kosa, na Des Forges alilijua hilo. Baada ya 1994 lilikuwa jambo jepesi kumwita adui wako muuaji wa kimbari, awe Kigali, Nairobi au Montréal. Yeye alisisitiza tuhuma zipimwe. Alisisitiza pia kwamba mauaji ya raia yaliyofanywa na askari wa RPF, waasi walioishinda serikali ya mauaji na kushika madaraka, yachunguzwe, ingawa hakuyafananisha kamwe na kimbari. Mahakama ya Arusha haikumshtaki hata mtu mmoja wa upande huo. Mwaka 2008 serikali ya Rwanda ilimzuia kuingia nchini mara mbili, mwanamke aliyekuwa amejitolea nusu ya maisha yake kuthibitisha mauaji ya Watutsi. Alifariki katika ajali ya ndege karibu na Buffalo, New York, tarehe 12 Februari 2009.

Kuna na upande wa pili wa hifadhi, ambao magazeti yetu yanauandika kwa nadra. André Ntagerura, waziri wa zamani, aliachiwa huru na mahakama ya Arusha mwaka 2004, rufaa ikathibitisha mwaka 2006. Miaka 15 baadaye alikuwa bado Arusha, katika nyumba moja na wenzake walioachiwa au kumaliza vifungo, kwa kuwa hakuna nchi iliyowataka. Desemba 2021 wanane kati yao walipelekwa Niger, na kabla mwezi haujaisha Niger ikawaamuru waondoke. Muuaji mwenye pasipoti ya kughushi aliweza kuvuka mipaka minne, na aliyeachiwa na mahakama ya dunia hakupata hata mpaka mmoja wa kumpokea. Sijaona hoja ya kisheria inayoniridhisha juu ya hilo.

Kilichobaki

Mei 2024 waendesha mashtaka wa Umoja wa Mataifa walitangaza kwamba hakuna tena mtoro hata mmoja katika orodha ya mahakama ya Arusha. Wawili wa mwisho walikuwa wamekwisha kufa. Lakini Rwanda yenyewe ina hati zaidi ya 1,000 za kukamata watu katika nchi zaidi ya 30, na hizo ziko mikononi mwa mahakama za kawaida za Ulaya, Amerika na Afrika. Mashahidi waliokuwa na miaka 40 wakati ule sasa wana zaidi ya 70. Kila mwaka unaopita, mzigo unahama kutoka kwenye midomo ya watu kwenda kwenye karatasi, na kutoka kwa mpelelezi kwenda kwa mwanahistoria.

Karatasi hizo nyingi zipo Tanzania. Kumbukumbu za mahakama zimehifadhiwa Lakilaki, nje kidogo ya Arusha, katika majengo yaliyofunguliwa mwaka 2016: nakala za mashauri, vielelezo, ramani, kanda za sauti. Sehemu iliyo wazi kwa umma inaruhusiwa kusomwa na yeyote, hata kwa njia ya mtandao. Mwanafunzi wa historia wa Dar es Salaam, Bujumbura au Nairobi hahitaji viza ya Ulaya kuifikia. Ushahidi wa Des Forges uko humo, pamoja na maswali makali ya mawakili waliojaribu kuubomoa, na mimi ningemshauri aanzie kwenye hayo maswali.